Naomba Uipitie Kidogo

Mazungumzo yangu ya leo ni juu ya jambo linalomfika kila mwalimu, na si mwalimu peke yake, bali kila mtu ambaye jamaa na majirani humhesabu kuwa amesoma: kaka aliyemaliza chuo, shangazi anayefanya kazi katika chumba cha habari, mzee mstaafu ambaye sebule yake ina kabati la vitabu. Hodi hupigwa, aghalabu baada ya magharibi, akaingia kijana na karatasi zilizokunjwa mara mbili, akaamkia, akauliza hali za nyumbani, akapokea maji akanywa, kisha, kana kwamba ni neno lililomjia papo hapo wala silo lililomtoa kwao, akasema: "Samahani, mwalimu, naomba uipitie kidogo hii kazi yangu." Akiisha kusema hivyo huinamisha macho, na kwa maneno hayo machache huwa ameomba kila kitu na hakuna alichokiomba.

Yamkini ataka makosa ya tahajia yaondolewe. Yamkini ataka kujua kama swali amelijibu au amelizunguka tu. Yamkini ameandika kurasa tatu kwa furaha, akafika ya nne akakwama, na tangu juzi anazikodolea macho. Yamkini hataki lolote ila kusikia kwamba hakufanya vibaya, kwa kuwa kesho ataisoma mbele ya wenzake na moyo unamdunda. Na yamkini, tusifichane, ataka uiandike wewe. Haja zote hizi, ambazo hazifanani hata kidogo na kila moja ina dawa yake, huletwa kwa ibara ile ile moja, na anayeletewa hubaki na karatasi mkononi asijue aanzie wapi.

Wako wanaomkasirikia kijana wa namna hii, wakasema kwamba hana dhamira, au amekuja kutupa mzigo wake mlangoni pa mtu. Mimi simlaumu, na nitaeleza kwa nini. Sisi tulilelewa kwamba mdogo hamwagizi mkubwa kazi. Kumwambia mtu aliye rika la babako, "Itazame aya ya pili tu, hoja yake haijakaa sawa, na hizo nyingine ziache," ni maneno ambayo mtoto aliyefunzwa vyema huona ulimi wake haumpi kuyatamka, maana yanafanana na kumpangia mzee kazi yake. Basi huiacha haja yake bila mipaka, ili mkubwa aijaze kwa kadiri ya ukarimu alio nao. Hiyo ni murua, wala sipendi itutoke. Lakini murua wa mdogo humtwisha mkubwa wajibu, nao ni kuitoa ile haja pale ilipositiriwa, kwa upole, bila ya kumfedhehesha mwenyewe. Na wajibu huu wengi wetu tumeuacha.

Sababu ya pili haina uhusiano na adabu. Mwaka 1980 mtaalamu mmoja wa Marekani, Bi Nancy Sommers, alichapisha uchunguzi wake juu ya namna watu wanavyoyarudia maandishi yao, akiwalinganisha wanafunzi 20 wa mwaka wa kwanza wa chuo kikuu na watu wazima 20 waliozoea kuandika, wakiwamo waandishi wa habari, wahariri na wanazuoni. Akaona kwamba wanafunzi, walipoirudia kazi, walishughulika na maneno: hili wakalifuta, lile wakalibadilisha, lililojirudia wakalitafutia jingine la maana ile ile, ilhali wale wazoefu walitafuta kwanza umbo la hoja, wakimfikiria msomaji atakayeipokea, wala hawakuona taabu kuvunja na kupanga upya walichokwisha kukiandika. Basi anaposema mwanafunzi, "Nisahihishie," maneno ndiyo ajuayo kuwa hukosewa. Kwamba hoja yenyewe yaweza kukaa upande, au kwamba aya ya mwisho ndiyo iliyostahili kuwa ya kwanza, hilo halijampitia akilini, na si haki kumdai aombe kitu ambacho hajui kama kipo.

Sasa tuutazame upande wa pili, upande wa msaidizi, ambako mimi naona ndiko kwenye ila kubwa zaidi. Msaidizi aliyepokea ombi lisilo bayana, badala ya kuuliza, hushika kalamu nyekundu. Hushika kalamu nyekundu kwa sababu ndilo jambo jepesi: herufi iliyokosekana huonekana kwa jicho, nukta iliyosahauliwa haina ubishi, na baada ya dakika ishirini ukurasa hujaa alama, kila mtu akaona kwamba kazi imefanyika. Kijana hushukuru kwa dhati, akaondoka, nawe ukalala na dhamiri iliyotulia. Lakini kama haja yake ilikuwa nyingine, amerudi kwao na kazi ile ile, safi zaidi kidogo, na usiku mmoja umempotea kabla ya kuitoa.

Nitatoa mfano ambao walimu wa Kenya watautambua mara moja. Katika mtihani wa Kiswahili wa kidato cha nne iko karatasi ya insha, namba yake 102/1, ambamo mtahiniwa huandika insha mbili, ya kwanza ikiwa ya lazima, na kila moja ina alama 20. Katika maswali ya kuchagua aghalabu hutokea methali, na mwanafunzi hutakiwa atunge kisa kinachoafikiana nayo. Chukulia amepewa "Mchelea mwana kulia hulia yeye." Kijana hukuletea kisa cha mtoto wa pekee aliyedekezwa, hakutumwa dukani, hakukanywa alipoiba, akapewa pikipiki kabla ya kupata akili ya kuiendesha, akajiunga na genge, akakamatwa, na kisa kikaishia langoni pa jela, kwa ibara tamu, zenye tashbihi na misemo kila mstari wa tatu, kama walivyofundishwa darasani. Ukiisoma kwa kalamu nyekundu utapata mahali ambapo h imeangushwa, mahali ambapo r na l zimepishana, na upatanisho wa ngeli uliokosewa mara mbili au tatu. Utavirekebisha vyote. Na kasoro yenyewe itakuwa ingali palepale, maana methali ina pande mbili, na huyu ameandika upande mmoja: amemchelea mtoto tangu mwanzo hata mwisho, lakini mzazi hakulia. Mama ametoweka katika ukurasa wa pili asirejee tena. Aya moja tu, ya mzazi yule akisimama nje ya lango la jela na kikapu cha chakula asichoruhusiwa kukiingiza, ingaliifaa insha ile kuliko masahihisho yako yote.

Kadhalika yuko aliyeandika maneno mazuri mno juu ya madhara ya dawa za kulevya, ushahidi umepangika, lugha haina doa, ila swali lilitaka hotuba, naye hakumsalimu mtu, hakutaja hadhira, wala hakuaga. Msaidizi hakuyajua hayo, kwa kuwa karatasi ya maswali haikuletwa. Nayo karibu kila mara hailetwi: mwanafunzi huleta jibu, swali akaliacha nyumbani, kwa kuwa yeye amekaa nalo juma zima na anadhani kila mtu anakaa nalo. Laiti ningepewa nafasi ya kuuliza neno moja tu, lingekuwa hilo, "Swali lilisemaje?", tena ningependa kuliona kwa maandishi, si kusimuliwa, maana katika kusimulia ndimo swali hugeuka likafanana na jibu.

Kuuliza nako kuna adabu yake. Ukimkabili kijana kwa sauti ya afisa wa forodha, "Unataka nini hasa?", atarudi nyuma, atasema, "Basi, mwalimu, si neno," atazikunja karatasi zake na utakuwa umemfukuza kwa heshima. Yafaa umuulize habari za kazi kabla hujamuuliza habari za nafsi yake: inakwenda kwa nani, inatakiwa lini, waliambiwa isizidi kurasa ngapi. Haya hayamwaibishi mtu, na majibu yake hubainisha mengi. Kazi inayotakiwa kesho saa mbili asubuhi haipewi shauri la kubomolewa na kujengwa upya; hapo hutengenezwa kinachotengenezeka, ufunguzi ukanyoshwa, makosa ya wazi yakaondolewa, na mwenyewe akaenda kulala. Kazi iliyobakiwa na majuma mawili ni kinyume chake kabisa, tahajia yake yaweza kungoja, na ni israfu ya wino kusahihisha aya ambayo huenda ikatolewa. Fundi cherehani hashiki mkasi kabla ya kuuliza vazi ni la lini na la nani, seuze mtu aliyeshika fikra za mwenziwe.

Yakiisha hayo ndipo pa kumuuliza lile lililo zito: mahali gani unapapenda, na mahali gani unapapitia upesi kwa kuwa hupendi kupatazama? Mimi nimeona kwamba karibu kila mwandishi, hata mchanga, anapajua palipo na udhaifu, ila hakuna aliyewahi kumpa ruhusa ya kupataja. Na asipojua, iko hila moja iliyo bora kuliko maswali yote, nayo ni kuigeuza karatasi uso chini na kumwambia, "Sasa nisimulie." Watu wetu ni watu wa kusema. Kijana ambaye sentensi zake za maandishi zimekakamaa hata hazipindiki, ukimwacha anene kwa mdomo, hunyoka, hutoa mfano wa mtaani kwao, hukasirika palipo pa kukasirika, na katika kusema huko hutokea neno moja ambalo ndilo hoja yake yenyewe, nalo karatasini halimo. Hapo kazi ya msaidizi ni kusema, "Hilo liandike," na kunyamaza.

Hila hii ina faida ya ziada kwa ndugu zetu wa Tanzania, ambako mtoto aliyesoma shule ya msingi ya serikali kwa Kiswahili hufika sekondari akatakiwa kusoma na kuandika karibu masomo yote kwa Kiingereza, na hali ikaendelea hivyo hata chuo kikuu. Akikuletea insha ya jiografia au ya historia iliyoandikwa kwa Kiingereza kilichovunjika, hutajua kwa kuitazama tu kama kilichovunjika ni lugha au ni fikra. Mwambie akueleze kwa Kiswahili. Akieleza sawasawa, basi ilimu anayo, na msaada wake ni wa lugha. Akitatanika na huko pia, hakuna kamusi itakayomfaa mpaka arudi kitabuni. Kumsahihisha Kiingereza mtu ambaye hajaelewa mmomonyoko wa udongo ni kumpotezea wakati na kumdanganya.

Kwa wale wa vyuo vikuu mambo hugeuka kidogo, maana huko tashwishi huwa na tabaka mbili. Mwanafunzi wa shahada ya pili anayeandika tasnifu hukujia na rasimu ambayo msimamizi wake amekwisha kuipitia, na pambizoni mna maneno ya msimamizi: "Fafanua." "Chanzo?" "Panga upya." "Hii ina uhusiano gani na tatizo la utafiti?" Naye husema, "Naomba unisaidie kurekebisha," lakini anachokihitaji hasa ni kufahamishwa alichotakiwa kukirekebisha, kwa kuwa lile neno "Panga upya", lililoandikwa kwa mwendo wa mtu mwenye tasnifu nyingine sita mezani, halikusema kipangwe nini wala kwa utaratibu gani. Hapa msaidizi mwenye ghera hujiona shujaa, akapanga yeye kwa akili yake, sura ya mapitio ya maandishi akaigawa mafungu, kiunzi cha nadharia akakipeleka mbele, na kijana akaenda kwa msimamizi na mpangilio ambao si wake wala si wa msimamizi. Shauri lililo salama, ijapokuwa halina sifa, ni kukaa naye mkatunga maswali mawili matatu yaliyo wazi, akayapeleka kwa yule aliyeandika neno lile pambizoni. Wanafunzi wengi huona haya kurudi kwa msimamizi na kusema, "Sikuelewa." Kumtia nguvu ya kurudi ni msaada kamili, hata kama hukugusa sentensi hata moja.

Lipo jambo jingine ambalo sisi wa pwani tunaliona kwa uchungu zaidi, nalo ni la lugha yenyewe. Mwaka 1928 ulifanywa mkutano Mombasa, na ikaamuliwa kwamba Kiunguja ndicho kiwe msingi wa Kiswahili sanifu. Na tangu mwaka 1930 ikawapo Kamati ya Lugha iliyosimamia Kenya, Uganda, Tanganyika na Unguja, ambayo miongoni mwa kazi zake ilikuwa kuzipitia hati za vitabu vya shule kabla havijapigwa chapa. Sitaingia leo katika hoja za waliouridhia uamuzi ule na waliounung'unikia. Itoshe kusema kwamba tumerithi kutoka zama hizo mazoea ya kuona kila kisichokuwa sanifu kuwa ni kosa. Binti wa Mji wa Kale, Mombasa, akiandika hadithi, na ndani yake bibi akamwita mjukuu wake, "Ndoo hapa," akamwambia asimame kando ya ndia afumbue mato, msaidizi aliyelelewa bara atashika kalamu akaandika njoo, njia na macho. Pengine amefanya vyema, ikiwa binti yule alighafilika, na kazi ni ya mtihani. Pengine ameua, ikiwa binti alikusudia bibi yule asemwe kwa Kimvita kama walivyo mabibi wa kwao, na kila neno alilitia kwa makusudi. Karatasi haiwezi kukwambia ni lipi kati ya hayo mawili. Mwenyewe ameketi mbele yako, anaweza.

Nimesema awali kwamba wako wanaotaka waandikiwe, na sipendi kulipita jambo hilo kwa haraka kana kwamba ni la wachache. Yajulikana kwamba mjini Nairobi wako vijana wengi, tena wenye shahada, ambao riziki yao ni kuwaandikia kazi wanafunzi walioko Marekani na Uingereza. Na huko England mwaka 2022 ilitungwa sheria ya kumtia hatiani anayefanya biashara hiyo kwa wanafunzi wa kule. Na siku hizi ziko programu za kompyuta ambazo ukizipa ombi lisilo na kichwa wala miguu aghalabu hazikuulizi kitu, hukurudishia ukurasa ulionyoka, uliopigwa pasi, ambao mwenye jina juu yake hawezi kuutetea mbele ya watahini kwa dakika tano. Lakini nimepata kuona msaidizi wa nia njema kabisa akafanya lile lile, pasipo malipo: aliombwa apitie, hakuuliza mpaka wapi, akabadilisha sentensi hii, akaongeza ile, hata mwishoni mwanafunzi akawa msomaji wa kazi yake mwenyewe. Kipimo changu ni chepesi. Kila nilipobadilisha neno, mwanafunzi na aweze kunieleza kwa nini, au alikatae. Asipoweza lolote kati ya hayo, neno langu litoke, la kwake lirudi, liwe baya namna gani.

Na ikitokea, baada ya kumuuliza kwa upole, kwamba haja yake ilikuwa kuandikiwa, mwambie la bila ya kumhubiria. Aghalabu aliyefika hapo amefikishwa na woga au na wakati uliomwishia, si na uvivu, na nusu saa ya kupanga naye mambo manne atakayoyaandika usiku ule humtoa katika dhiki. Aliye mvivu kweli hataitaka hiyo nusu saa, ataaga mwenyewe.

Basi nawaombeni, enyi mnaoletewa karatasi, mziweke kalamu zenu mezani mpaka mmekwisha kuuliza, hata kama mgeni wenu ana haraka na chai inapoa. Nanyi vijana mnaonisikiliza, mkienda kwa mtu kuomba msaada, chukueni na swali lenyewe kama lilivyoandikwa, chukueni na maelezo ya mwalimu kama alitoa, na juu ya ukurasa wa kwanza andikeni kwa kalamu ya risasi siku inayotakiwa kazi, na mstari mmoja wa lile linalowatia shaka. Si utovu wa adabu. Mzee atafurahi kuuona mstari huo, naye atajua aanzie wapi.